Mama wa Kuigiza

Ukiwa mtu wa kutazama televisheni Uingereza, sura ya Zipporah Ndinda unaijua, ila jina lake hulijui. Ni yule muuguzi anayefungua pazia na kusema daktari yuko njiani. Ni yule jirani aliyesikia kelele lakini hakutoka nje. Aliwahi kuwa hakimu aliyeonekana kwa muda mfupi tu, akamnyima mtu dhamana, akaondoka. Aliwahi pia kuwa maiti, akalala juu ya bati baridi huku wapelelezi wawili wakibishana juu yake. Watu humsimamisha sokoni Lewisham, kati ya meza za ndizi na za vitambaa, wakamwuliza, "Samahani, sisi tulisoma pamoja?" Zamani alikuwa akiwaeleza. Siku hizi husema, "Labda," akaendelea kuchagua nyanya.

Aliletwa London kutoka Machakos akiwa na miaka tisa, mama yake alipopata kazi ya uuguzi. Shuleni walimcheka Kiingereza chake, naye akaamua kujifunza kuongea kama kila mtu: kama mwalimu wa hesabu, kama mama wa jikoni, kama wale wavulana wa kiti cha nyuma cha basi. Siku moja mwalimu akamfuma akimwiga mwalimu mkuu. Badala ya kumwadhibu, akampeleka kwenye kikundi cha maigizo cha vijana, na huko ndiko alikopotelea. Mama yake alitaka awe muuguzi. Akawa muuguzi kweli, tena mara nyingi, lakini kwenye skrini, na mama akimtazama husonya: "Ndinda, drip haishikwi hivyo. Huyo mgonjwa umeshamuua."

Tatiana Nyokabi alimkuta ukumbini, wote wawili wakisubiri kufanyiwa majaribio ya tangazo la sabuni. Tatiana alikuwa mdogo kwake kwa miaka sita, mzaliwa wa Stratford, ndiyo kwanza ametoka chuoni, na mikono ilikuwa ikimtetemeka hata karatasi ikawa inapiga kelele. Zipporah akampa maji. Akamwambia, "Ukiingia, usimwangalie machoni yule anayekusomea. Mwangalie sikio. Macho yatakutisha, sikio halimtishi mtu."

Tatiana akaingia, akatazama sikio, akapata kazi. Zipporah akamkumbatia na kucheka naye mpaka kituo cha treni. Alipobaki peke yake alihisi kitu kinamchoma hapa, chini ya kidari. Alidhani ni chipsi alizokula mchana.

Wakawa marafiki, na urafiki wenyewe haukuwa wa uongo. Tatiana alikuwa akija Lewisham Jumapili baada ya kanisa, anakaa jikoni, anakula muthokoi, yale mahindi yaliyokobolewa na maharagwe, kama mtu aliyetoka kufunga, anamwita mwenyeji wake Dada Zippy. Ryan, mtoto wa Zipporah, alipozaliwa, ni Tatiana aliyekesha naye ili wazazi wapate usingizi. Titus, mume wa Zipporah, anayefanya kazi ya reli, alikuwa akimtania kwamba amehamia bila kuomba ruhusa. Kiswahili cha Tatiana kilikuwa cha kusikia tu. Wazazi wake walizungumza Kiswahili nyumbani walipotaka kumficha jambo, kwa hiyo alijua kukisikiliza kama mpelelezi, ila kukisema hakuweza. Ukimwuliza kwa Kiswahili atakujibu kwa Kiingereza, na mtaelewana.

Kisha mambo ya Tatiana yakaanza kupanda. Kwanza akawa polisi wa pembeni, halafu polisi mwenye jina, halafu tamthilia nzima ikawa yake. Zipporah alimpongeza kila hatua. Alimtumia ujumbe wenye mioyo na mishumaa na mikono inayopiga makofi. Akimaliza kutuma, anaifunika simu juu ya meza kama mtu anayefunika sufuria.

Hakuna aliyejua alivyokuwa akitazama vipindi vya Tatiana. Alivitazama vyote, Titus akiwa kazini, na alivitazama kama mkaguzi. Pale ameshika kikombe kwa mkono wa kulia, na sasa kiko kushoto. Pale amelia mapema mno. Hiyo pumzi aliyovuta kabla ya kujibu, hiyo si yake, hiyo ni yangu, ameichukua jikoni kwangu. Kulikuwa na majira ya baridi ambapo sura ya Tatiana ilibandikwa ubavuni mwa mabasi. Zipporah alikuwa amesimama kituoni na mifuko ya sokoni, mvua inanyesha, basi likaja, na Tatiana akamjia nalo, kidevu chake kikubwa kama mlango. Zipporah akaliacha likapita. Titus alipouliza mbona amelowa hivi, alisema basi lilikuwa limejaa.

Alijiuliza Tatiana anamzidi nini. Hilo ndilo lililomtesa zaidi, kwa sababu hakupata jibu la kumtuliza. Angekuwa hajui kuigiza, ingekuwa rahisi: mtu unasema ni bahati, ni sura, unalala. Lakini Tatiana alijua. Na Zipporah pia alijua, tena alianza mapema, na bado yeye ndiye aliyekuwa akifungua pazia.

Siku moja wakala wake, Mwingereza mmoja aitwaye Hillary, akapiga simu na sauti ya furaha. "Zippy, hii ni kubwa. Tamthilia ya familia ya Wakenya hapa London. Uko ndani karibu kila sehemu. Hawataki hata majaribio, wanakutaka wewe."

Zipporah akakaa kitandani. "Nani mwigizaji mkuu?"

"Rafiki yako Tatiana. Yeye ni daktari, baba yao anafariki, mambo yanafumuka."

"Basi mimi ni dada yake."

"Mama yake," akasema Hillary.

Zipporah alikuwa na miaka arobaini na minne.

Alikubali. Mwigizaji wa nafasi za pembeni hukubali, maana asipokubali kuna mwenzake anayesubiri simu hiyo hiyo. Kila asubuhi walimtia mvi kwa brashi, wakamchora mikunjo kando ya mdomo, wakamvalisha sweta ya kahawia. Kwenye kioo cha pembeni Tatiana alikuwa akipakwa mafuta ya kung'arisha ngozi. Siku ya kwanza tu, wapiga picha wote wakiwa wamekusanyika kwa chai, Tatiana akamwona anakuja na mvi zake, akafungua mikono na kupaza sauti, "Mama yangu huyo!" Watu wote wakacheka. Ulikuwa utani wa mapenzi, na Zipporah alijua. Akacheka kuliko wote. Ila kuanzia siku hiyo kila mtu pale, hadi dereva wa gari la vyakula, akawa anamwita Mama.

Mwongozaji alikuwa Dhiren, kijana mpole wa Harrow, ambaye ukoo wake ulitoka Gujarat ukapitia Kisumu ndipo ukafika Uingereza. Kiswahili hakukijua, lakini bibi yake alikuwa akikizungumza, na alitaka kisikike kwenye tamthilia. Kilele cha hadithi kilikuwa makaburini. Mama, baada ya kumzika mumewe, ameamua kurudi Kenya. Binti ambaye maisha yake yote amemjibu mama yake kwa Kiingereza anamshika mkono na kusema, kwa mara ya kwanza, kwa Kiswahili: "Mama, tangulia. Mimi nitakufuata." Basi. Mama hajibu kitu. Anamtazama, anageuka, anakwenda.

Dhiren akamwomba Zipporah amfundishe Tatiana maneno hayo.

Wakajifunza jikoni kule Lewisham, Jumapili, kama zamani. Tatiana alikuja na maua. Alikuwa na wasiwasi ambao Zipporah hakuwahi kumwona nao tangu siku ile ya sabuni.

"Mama yangu atatazama," Tatiana alisema. "Wa kweli, wa Stratford. Ameshawaambia wenzake wote wa kanisani kwamba nitazungumza Kiswahili. Dada Zippy, nikikosea ataaibika mpaka kaburini."

"Hutakosea. Sema."

"Mama, tangulia. Mimi nitakufuta."

Zipporah alikuwa akikoroga chai. Alisikia. Ile *a* ya katikati ilikuwa imemezwa, na binti aliyetakiwa kumwambia mama yake kwamba atakuja nyuma yake sasa alikuwa akimwambia atamfuta, kama ubao, kama jina kwenye orodha. Ni kosa dogo, kosa la mdomo uliozoea Kiingereza. Ungemrekebisha mtoto wa chekechea kwa kumwambia tu, taratibu, rudia.

Akaendelea kukoroga chai.

"Tena," akasema.

"Mimi nitakufuta."

"Nzuri."

"Kweli? Sisikiki kama mzungu?"

"Unasikika kama mtu wa nyumbani," Zipporah akasema, akamwekea sukari.

Tatiana akarudia na kurudia mpaka sentensi ikalainika mdomoni mwake, na kila aliporudia, kosa lilizidi kukaa vizuri. Alipoondoka Zipporah alibaki ameegemea sinki. Alijiambia atamwambia kesho. Kesho ilipofika alijiambia kuna wiki nzima. Hakuwa na mpango wowote, na huo ndio ulikuwa ukweli. Alikuwa tu na kitu mkononi ambacho Tatiana hakuwa nacho, na hakutaka kukiachia upesi.

Makaburini kulikuwa na upepo. Waliweka kamera moja usoni kwa Tatiana na nyingine usoni kwa Zipporah. Dhiren akanyamazisha watu. Tatiana akamshika mkono, na mkono wake ulikuwa wa moto. Machozi yalikuwa yamejaa bila kuanguka, na alikuwa mzuri, Mungu wangu, alikuwa mzuri katika kazi ile hata Zipporah akasahau kwa kitambo kwamba wanaigiza.

"Mama," Tatiana akasema. "Tangulia. Mimi nitakufuta."

Zipporah nusura acheke. Kicheko kilipanda hadi kooni, na nyuma yake kikaja kitu kama furaha, furaha chafu ya kuona mwenzako amevaa nguo kinyume na hajui. Halafu akayaona macho ya Tatiana, jinsi yalivyomtegemea, yakimwuliza bila sauti, nimeweza? Furaha ile ikageuka ndani yake kama maziwa yaliyoharibika. Alijionea aibu. Alimwonea huruma. Na wivu haukuondoka, ulibaki pale pale katikati ya vyote hivyo. Midomo ikamtetemeka. Akamtazama Tatiana kwa muda mrefu kuliko ilivyoandikwa, akageuka, akaenda zake kati ya mawe ya makaburi.

"Hapo hapo!" Dhiren akapiga kelele. "Tumepata. Haturudii."

Tatiana akamkimbilia. "Nilisemaje?"

"Vizuri sana," akasema Zipporah.

Mwezi uliofuata Tatiana akaenda Kanada kwa filamu nyingine. Dhiren akachukua sehemu ile ya makaburini, ikiwa haijakamilika bado, akaenda nayo Harrow kumwonyesha bibi yake. Bibi huyo aliuza vitambaa Kisumu ujana wake wote. Akatazama kimya, akiwa na leso tayari. Tatiana aliposema maneno yake, bibi akageuka kumtazama mjukuu.

"Kwa nini huyu msichana anataka kumfuta mama yake? Amemwajiri?" Akacheka mpaka akaitumia leso kwa kazi nyingine.

Dhiren akampigia Zipporah siku hiyo hiyo. "Ulisikia kosa hilo?"

"Upepo ulikuwa mwingi," Zipporah akajibu.

Studio ikamwandikia Tatiana kwamba upepo umeharibu sauti, ajirekodi upya huko huko Kanada ipachikwe. Akatuma mara nyingi, na kila mara kwa bidii zaidi, na kila mara nitakufuta, kwa sababu ndivyo alivyofundishwa na ndivyo alivyosifiwa. Dhiren akamwita Zipporah studio asikilize, akamvalisha vifaa vya masikioni.

"Sasa je?"

Sasa alisema kweli. "Bado. Anasema atamfuta."

Angeweza kuongeza maneno machache tu: nipe simu, nitamfundisha mwenyewe sasa hivi. Dhiren alikuwa amekaa anamtazama kama anayeyangoja. Zipporah akavua vile vifaa, akaviweka mezani polepole.

Basi Dhiren akaamua. Akayatoa maneno ya Tatiana yote. Kwenye tamthilia iliyorushwa, binti anamshika mama mkono, kamera inahamia kwa mama, na hakuna anayesema lolote. Ni uso wa Zipporah tu, umejaza skrini nzima, kicheko kinapanda na kufa, midomo inatetemeka, macho yanang'ang'ania, kisha anageuka.

Uingereza ikalia. Nasema hivyo kwa sababu ndivyo walivyoandika. Mhakiki mmoja wa gazeti alisema hajawahi kuona huzuni yenye tabaka nyingi namna ile, kwamba mwanamke huyu amesema kwa kimya yale ambayo wengine hushindwa kuyasema kwa maneno. Watu walikata kipande kile na kukisambaza. Sokoni Lewisham hawakumwuliza tena kama walisoma pamoja. Mwuza samaki alimshika mabega na kumwambia, "Mama yangu alikufa Januari. Nimekuona, nimemwona." Zipporah akasema asante, akaondoka bila samaki aliyemfuata.

Akateuliwa kuwania tuzo ya mwigizaji msaidizi. Tatiana hakuteuliwa kwa lolote. Zipporah aliisoma orodha ile akitafuta jina la Tatiana, akaisoma tena kuhakikisha halimo, na alipohakikisha akajihisi mwepesi kama mtu aliyepona. Wepesi huo ulidumu mpaka jioni.

Titus ndiye aliyemwuliza, wakiwa wanaosha vyombo. "Pale makaburini, ulikuwa unafikiria nini?"

"Baba," akasema. Baba yake alikuwa amefariki zamani.

Titus akamtazama, akafuta sahani. "Mimi nilikuona ukimlilia baba yako," akasema. "Haukuwa uso ule."

Tatiana aliporudi kutoka Kanada hakupiga simu kwanza. Alibisha mlango tu, mchana, akiwa peke yake, bila maua. Alikaa kwenye kiti chake kile kile cha jikoni lakini hakuvua koti.

"Mama aliwaalika wenzake wote wa kanisani," akasema kwa Kiingereza. "Sebule nzima. Wamepika, wameleta viti vya ziada. Ikafika makaburini, wakanyamaza wanisikie. Na mimi sikusema kitu. Mama akafikiri televisheni imeharibika, akainuka kuongeza sauti."

Zipporah akazima jiko.

"Nimemwuliza Dhiren. Amenieleza kuhusu bibi yake. Alinieleza akicheka, alidhani najua." Tatiana akavuta pumzi. "Nilisema sentensi ile hapa, kwenye meza hii, mara ngapi? Wewe ulisikia."

"Nilisikia."

"Siku ya kwanza?"

"Mara ya kwanza. Nilikuwa nakoroga chai."

Tatiana alikuwa amejiandaa kwa uongo, ungeuona usoni. Ukweli ulimkuta hana pa kuuweka. "Kwa nini?" akauliza, na neno hilo alilisema kwa Kiswahili, na lilitoka safi kabisa.

Zipporah angeweza kusema alichoka, au alipitiwa, au hakutaka kumvunja moyo. Maneno hayo yote yalikuwa tayari. Lakini alikuwa ameyabeba mengine kwa muda mrefu.

"Nilitaka kuwe na kitu kimoja ambacho hukiwezi," akasema.

Kwenye ngazi za nje jirani alikuwa akiburuta baiskeli.

"Kipo," Tatiana akasema. "Ndiyo maana nilikuja kwako. Unajua jinsi nilivyokuwa nikikaa hapa wewe ukizungumza na mama yako kwenye simu? Mnacheka, mnagombana, mnamsema mtu. Mimi nakaa hapa na bakuli langu, na kila kitu nimekisikia, lakini siwezi kuingia. Nilikuonea wivu mpaka chakula kikawa kinanikwama. Lakini sikukuibia, Zippy."

Hakusema Dada. Akasimama, akaenda mlangoni. Zipporah akamfuata mpaka kwenye ngazi, akamwita jina, akamwambia, "Nisamehe." Tatiana akashuka bila kugeuka.

Usiku wa tuzo Zipporah alivaa gauni la kijani aliloshonewa Tottenham. Mshindi akawa mwanamke mwingine, mzee wa Kiskoti aliyeigiza bibi kipofu. Zipporah akapiga makofi kwa tabasamu alilokuwa amelifanyia mazoezi, na chini ya makofi akajikuta akihesabu makosa ya yule bibi kipofu: alikuwa ametazama kikombe kabla ya kukishika. Ndipo alipoelewa kwamba Tatiana hakuwa sababu. Hata angekuwa hajazaliwa, angepatikana mwingine wa kukaguliwa. Aliwaza hayo akiwa amekaa na watu wazuri meza nzima, akapoteza hamu ya pudini.

Kazi ziliongezeka. Zote zilikuwa za mama: mama wa mfungwa, mama wa mchezaji mpira, mama wa waziri. Hillary alifurahi. Waongozaji walimwomba awape "ule uso", naye aliwapa kitu kinachofanana nao, wakaridhika. Yeye mwenyewe alijua haufanani.

Karibu mwaka ulikuwa umepita Tatiana alipopiga simu. Sauti yake ilikuwa kavu. Mama yake alikuwa amepata kiharusi. Alikuwa nyumbani Stratford sasa, anazungumza kwa shida, na amekuwa akimwulizia "yule mama mwingine wa mtoto wangu." "Anataka kukuona," akasema Tatiana. "Ni yeye anayetaka."

Zipporah akaenda siku iliyofuata na machungwa na uji wa wimbi kwenye chupa ya chai. Mlango ukafunguliwa na mwanamke mnene mwenye aproni, Annonciata, Mkongo wa Bukavu anayekuja kumwogesha mgonjwa na kumlisha. "Karibu, ingia, mama anakungoja," akasema.

Mama Tatiana alikuwa kwenye kiti karibu na dirisha, upande mmoja wa uso umelegea. Akamshika Zipporah mkono kwa ule mkono mzima, akamtazama sana. "Wewe," akasema polepole. "Ulimtazama mtoto wangu vizuri."

Zipporah akapiga magoti pale kwenye zulia, kwa heshima.

Kutoka jikoni ikasikika sauti ya Tatiana. "Annonciata, dawa ya mama iko wapi? Ile ya asubui."

"Iko juu ya frigo."

"Aksanti. Ngoja, minakuya."

Zipporah akageuza kichwa. Alikuwa anazungumza. Hakuwa anatafuta maneno, hakuwa anakariri, alikuwa anazungumza tu kama mtu aliye kwake, kwa Kiswahili chenye lafudhi ya Kivu, ile ya Annonciata, na kilimkaa kama nguo aliyoshonewa. Akatoka jikoni na dawa na glasi. Akamwona Zipporah amepiga magoti, akasimama.

"Habari," akasema.

"Nzuri. Nani amekufundisha?"

"Annonciata. Tunaongea kila siku tukimwogesha mama. Ananicheka nikikosea." Akampa mama yake dawa, akamfuta kidevu. "Ananicheka hapo hapo," akasema tena, safari hii bila kumtazama Zipporah.

Annonciata akaja na viti. Akaanza kusimulia jinsi Tatiana alivyokuwa akichanganya kuogea na kuongea wiki za kwanza, na Tatiana akampiga kwa taulo, wakacheka wote wawili, hata mgonjwa akacheka kwa ule upande mmoja. Zipporah naye akacheka. Alimtazama Annonciata, aproni yake, mikono yake iliyokauka kwa sabuni, na kile kichomi cha chini ya kidari kikaamka, kikamtambua mtu mpya wa kumchukia. Kilimjia wazi kabisa na hakukipa jina la chipsi.

Angeweza kusema Kiswahili hicho si sanifu. Maneno yalikuwa yameshafika kwenye ulimi. Akaufungua uji, akamimina kikombe kimoja kwa ajili ya mgonjwa, na cha pili akampa Annonciata.

"Kunywa kabla haujapoa," akamwambia.

Tatiana alikuwa anamtazama. Uso wake haukufunguka wala haukufungika. Baada ya kitambo akavuta kiti chake, si karibu sana, akakaa.